Mwanangu anataka kumrudisha babu yake kwa ilimba

Shikamoo Shangazi,

Mimi ni baba wa watoto watatu, nina umri wa miaka 38, na ninakuandikia kutoka Chamwino, nje kidogo ya jiji la Dodoma. Jambo linalonisumbua linamhusu mwanangu wa kwanza, mwenye umri wa miaka 9, na naomba unisikilize hadi mwisho kwa sababu watu wawili niliowaeleza hapa nyumbani walinikatiza kabla sijafika nusu.

Mtoto huyu alilelewa na wazazi wangu tangu akiwa na miaka minne, kwa kuwa mimi na mama yake tulikuwa tukifanya kazi Dar es Salaam na maisha ya chumba kimoja hayakuturuhusu kuishi naye. Babu yake alikuwa mpigaji wa ilimba, ala ya Wagogo yenye vyuma vilivyofungwa juu ya mbao na kupigwa kwa gumba. Hakuwa mtu wa majukwaa. Alipiga jioni baada ya ng'ombe kuingia zizini, akiwa ameegemea ukuta, na mjukuu akiwa amekaa katikati ya miguu yake. Baada ya kupiga, alikuwa akimsimulia hadithi aliyoitunga mwenyewe, ambayo hata mimi nilipokuwa mdogo niliisikia vipande vipande. Hadithi hiyo inahusu kijana mchungaji aliyeokota ilimba ndani ya uwazi wa mbuyu. Ilimba hiyo, ambayo baba aliiita ilimba ya jua, ilikuwa na uwezo juu ya wakati: vyuma vya upande wa kulia vikipigwa peke yake, siku ilikwenda mbele, vya kushoto vikipigwa peke yake, siku ilirudi nyuma, na gumba zote mbili zikishuka kwa pamoja, kila kitu kilisimama, ng'ombe akabaki ameinua mguu na moshi wa jikoni ukabaki umesimama kama nguzo. Kijana alipopoteza ndama kwa fisi, alipiga vyuma vya kushoto hadi ndama akarudi mzima. Kisha mama yake akaugua. Kuanzia hapo sijui kinachofuata, kwa kuwa kila mara nilikuwa nimekwisha kulala, na mwanangu ananiambia kwamba naye alikuwa akilala hapohapo.

Wimbo wa ilimba hiyo una mafungu manne, na baba alimfundisha mjukuu wake yote manne.

Shangazi, baba yangu alifariki mwaka jana. Mama alinipigia simu siku ya Jumanne akisema, "Baba yako anakuulizia, njoo." Nilimjibu kwamba nitakuja mwisho wa wiki baada ya kupokea mshahara, kwa kuwa nilidhani ni homa ya kawaida. Alhamisi nilipigiwa tena, nikapanda treni ya mwendokasi, nikafika Dodoma kwa takribani saa nne, safari ambayo enzi za utoto wangu ilikuwa ikitukesha ndani ya behewa usiku kucha. Nilipofika, walikuwa wamekwisha kumfunika. Baada ya mazishi niliomba uhamisho, nikapata, na sasa tunaishi wote hapa pamoja na mama.

Tangu siku ile mwanangu hupiga ilimba ya babu yake kila jioni. Hupiga fungu la kwanza, la pili na la tatu, kisha huacha ghafla na kuiweka chini. Mwezi uliopita nilimuuliza kwa nini hamalizi, akanijibu kwamba anasubiri awe fundi kabisa, kwa sababu akikosea fungu la nne babu hatarudi. Binamu yake anayeishi mjini amemwongezea imani hiyo, kwa kumwonyesha mchezo wa video kutoka Japani ambao mhusika wake anapopuliza filimbi ndogo ya udongo, usiku hugeuka mchana.

Mke wangu anasema nimwambie mtoto ukweli, kwamba babu alikuwa akimtungia uongo. Baba mdogo anasema mtoto anaita wafu, na kwamba ilimba ifungiwe kabatini au iuzwe. Mama yangu hasemi kitu. Akisikia ilimba inapigwa, huingia ndani. Mimi kila jioni nakaa uani nikisikiliza mafungu matatu yale, na naona aibu kukiri kwamba ninamsubiri amalizie. Nifanye nini, Shangazi?

Baba wa Mtoto, Chamwino

SHANGAZI ANAJIBU

Marahaba, mwanangu. Pole sana kwa msiba wa baba yako. Ninasema pole kana kwamba msiba ni wa jana, kwa sababu nikiisoma barua yako naona kwamba katika nyumba yenu bado ni wa jana.

Naomba nianze na baba yako mdogo, kwa kuwa hofu yake ni nyepesi kuiondoa kuliko mambo mengine. Mtoto wako haiti wafu. Anapiga muziki aliofundishwa na mtu aliyempenda, na anashikilia hadithi aliyosimuliwa na mtu huyohuyo. Ilimba ya jua ni chombo cha hadithini, sawa na vyombo vingine vingi ambavyo binadamu wa kila upande wa dunia wamevitunga kwa sababu wote wamewahi kutamani siku isimame. Hata hao Wajapani wa mchezo wa video walipotaka kitu cha kugeuza usiku kuwa mchana hawakuchagua upanga, walichagua filimbi. Kuifungia kabatini ilimba ya marehemu kutamfundisha mtoto kwamba huzuni yake ni kosa, na kuiuza kungekuwa kumzika babu yake mara ya pili. Mwambie baba mdogo, kwa heshima anayostahili, kwamba ilimba itabaki mikononi mwa mtoto.

Kwa mke wako nina neno tofauti kidogo, maana kuna jambo moja analoliona sawasawa: mtoto anahitaji ukweli. Ila neno "uongo" silikubali. Mtu anayemwambia mtoto kwamba kijana aliokota ilimba ndani ya mbuyu hamdanganyi, anamsimulia, na mtoto wa miaka 9 anaijua tofauti hiyo vizuri kuliko tunavyodhani. Watoto wengi huanza kufahamu kwamba aliyekufa harudi wakiwa kati ya miaka mitano na saba. Mwanao, kwa umri wake, na kwa kuwa ameishi kijijini ambako ameona mbuzi wakichinjwa na majirani wakizikwa, analifahamu jambo hilo kwa akili yake. Ushahidi wake uko ndani ya barua yako mwenyewe, wala sikuhitaji kuutafuta kwingine.

Tazama anavyopiga. Anapiga fungu la kwanza, la pili, la tatu, kisha anaweka chini. Amefundishwa mafungu yote manne na aliyeyatunga, na amefanya mazoezi kila jioni kwa miezi mingi. Mtoto anayeamini kweli kwamba fungu la nne litamrudisha babu yake angelipiga jioni ya kwanza baada ya mazishi, tena angelipiga kwa pupa, na akikosea angerudia hadi vidole vimchubuke. Huyu halipigi. Anajua kwamba siku atakapolimaliza babu hatatokea mlangoni, na kwamba kuanzia hapo hatakuwa na sababu yoyote ya kusubiri. Ndiyo maana anajiambia kwamba hajawa fundi. Kwa kuacha fungu moja bila kupigwa, mtoto huyu amefanya kitu kilekile ambacho ilimba ya jua hufanya gumba mbili zikishuka pamoja: amelisimamisha jua lisizame. Mimi nimesoma barua nyingi za huzuni, na sikumbuki kuona mtu mzima aliyeishika huzuni yake kwa akili kubwa namna hiyo.

Sasa niruhusu nikuseme wewe, mwanangu, kwa upendo. Umeandika barua ndefu kuhusu mtoto, lakini katikati yake umeweka Jumanne, Alhamisi, mshahara, treni na saa nne za safari, mambo ambayo hayamhusu mtoto hata kidogo. Umeandika pia kwamba unakaa uani ukisubiri fungu la nne. Wewe nawe unataka vyuma vya kushoto vipigwe hadi Jumanne irudi, ili mama yako akipiga simu umjibu, "Ninakuja leo." Ninakuelewa. Hukujua. Uliambiwa kwamba baba anakuulizia, na wazee wetu huulizia watoto wao hata wakiwa na mafua. Ulipima kwa kipimo ulichokuwa nacho siku ile, ukapanga kuja ukiwa na chochote mkononi kama mtoto yeyote mwenye adabu. Treni ya siku hizi imeifupisha njia ya kutoka Dar es Salaam hadi Dodoma, lakini njia ikifupishwa bado lazima mtu ajue ni siku gani anapaswa kuondoka, na hilo hukuambiwa na mtu yeyote. Nenda ukaliseme jambo hili mbele ya mama yako kwa mdomo wako. Nadhani hujalisema, na nadhani yeye naye ana lake, kwa kuwa ndiye aliyepiga simu ile na huenda kila usiku anajiuliza kwa nini hakukwambia wazi kwamba hali ni mbaya.

Ukishamaliza hilo, muulize mwisho wa hadithi.

Hapa ndipo ninapotaka ukae kidogo, maana naona wote mmepita juu yake. Wewe ulikuwa ukilala kabla ya mwisho, na mwanao naye alikuwa akilala palepale mama wa kijana alipougua. Lakini ndani ya nyumba ile kulikuwa na mtu wa nne ambaye hakuwa akilala. Mama yako alikuwa akikuna nazi au akichambua mlenda au akiosha vyombo hatua chache tu kutoka pale ukutani, na aliisikia hadithi ile ulipokuwa mdogo wewe, akaisikia tena kwa wadogo zako, akaisikia tena kwa mjukuu. Kama kuna mtu duniani anayejua kijana yule mchungaji alifanya nini mama yake alipougua, ni yeye. Mimi siujui mwisho huo na sitautunga kwa ajili yenu, ingawa kalamu inanivuta; hadithi ni ya baba yako na mwisho ni wa baba yako. Ninachoweza kusema ni kwamba msimuliaji wa Ugogo, anayejua maana ya mwaka ambao mvua za Desemba hazikushuka, hawezi kusimamisha jua katika hadithi bila kukumbuka kwamba mawingu nayo yatasimama, na mtama na uwele havitaota. Sidhani kama baba yako alimwacha kijana yule na vidole vyake juu ya vyuma milele.

Mwombe mama amsimulie mjukuu. Asisimulie kama anayetoa dawa, wala msimwite mtoto kwa sauti ya kikao. Isimuliwe jioni, palepale ukutani, baada ya mtoto kupiga mafungu yake matatu kama kawaida yake. Mama yako amekuwa akiingia ndani kila anaposikia ilimba, kwa hiyo usimlazimishe. Mwambie tu kwamba mtoto hajawahi kuusikia mwisho, na kwamba baada yake yeye hakutakuwa na mtu wa kuusema. Wakati anaposimulia, washa simu yako unase sauti yake. Sikwambii hivi kwa kufuata desturi ya siku hizi ya kunasa kila kitu. Mwaka 1950 mtafiti Hugh Tracey alipita Tanganyika na mitambo yake, akanasa wapigaji wa zeze na ilimba wa Ugogo, na leo tunaweza kusikia gumba za watu ambao wajukuu zao sasa ni wazee. Mzee Hukwe Zawose, mtoto wa Dodoma aliyefundisha Chuo cha Sanaa Bagamoyo na kuupeleka muziki wa Kigogo katika majukwaa ya mbali, alifariki mwaka 2003, na sauti yake bado inapanda na kushuka kana kwamba amekaa chumba cha pili. Kama kuna simu yoyote katika ukoo wenu ambayo ndani yake baba yako anapiga, hata kwa nusu dakika, na kuku wakilia nyuma yake, itafute sasa kabla mwenye simu hajaibadilisha. Mtoto atakaposikia, mweleze kwa maneno ya wazi kwamba hiyo ni sauti ya siku ile, kwamba haiwezi kumjibu akiuliza swali, na kwamba anaruhusiwa kuisikiliza mara nyingi anavyotaka.

Kuhusu maneno ya kumwambia mtoto mwenyewe, yafanye yawe machache. Mwambie: "Babu amekufa na hatarudi. Ilimba ya jua iko ndani ya hadithi, na babu aliitunga kwa ajili yako na kwa ajili yangu. Mimi nami ningependa arudi." Sentensi ya mwisho usiiache, kwa sababu ndiyo atakayoikumbuka, maana amekuwa akidhani kwamba ni yeye peke yake anayesubiri. Usimwambie kwamba babu amelala, wala kwamba amesafiri. Mtoto aliyekuona umechelewa kwa treni ataanza kuogopa kulala na kuogopa safari zako. Akikuuliza kama babu alimdanganya, mwambie kwamba babu alimpa wimbo wenye mafungu manne, na wimbo huo upo kweli, na unapigika.

Kisha mfanyie jambo moja kwa ajili ya ilimba yenyewe. Chombo kilichopigwa kila jioni kwa mwaka mzima bila mwenyewe kukishughulikia kitakuwa kimechoka. Vyuma husogea kidogo kidogo, na chuma kikirefuka sauti hushuka, kikifupishwa sauti hupanda. Kutu nayo huanza pale jasho la gumba linapogusa. Angalia pia kama ilimba ya baba yako ina tundu dogo lililozibwa kwa utando wa buibui, ule unaoifanya ivume na kuzizima badala ya kutoa mlio mkavu, maana utando ule hupasuka upesi na usipobadilishwa mtoto atadhani kwamba mikono yake ndiyo imeharibika. Hapo Chamwino mna bahati ambayo watu wa kwingine hawana, kwa kuwa muziki wa Kigogo bado una wazee na vijana wanaoupiga, na kijiji chenu kimezoea kuwa mwenyeji wa tamasha lake. Mtafute mzee mmoja anayejua kutengeneza na kulinganisha sauti, mpeleke mtoto kwake pamoja na ilimba, na umwache ashike bisibisi au nyundo yeye mwenyewe. Atagundua jambo ambalo babu yake alilijua na ambalo mimi naliona kubwa kuliko ilimba ya hadithini: muziki wa ilimba huzunguka. Hauanzi hapa na kuishia pale. Mpigaji mzuri hukufikisha mahali ambapo huwezi kusema wimbo ulianzia wapi, na jioni nzima hupita ukadhani umekaa robo saa. Hakuna aliyesimamisha jua, lakini kila aliyekuwa pale anajua kwamba wakati umefanywa kitu.

Muangalie pia kwa macho ya mzazi katika siku hizi zote. Huzuni ya mtoto huja kwa vipindi; atalia, kisha atatoka kucheza mpira, na hilo ni sawa. Lakini ukiona amekataa chakula kwa siku nyingi, hapati usingizi, anakataa shule kwa wiki kadhaa, au anasema kwamba anataka kumfuata babu yake, usisubiri mwisho wa mwezi. Mpeleke kwa daktari siku hiyohiyo. Dodoma tunayo Hospitali ya Mirembe, hospitali ya afya ya akili, ambayo watu hulitaja jina lake kwa dhihaka, nami huumia kila ninapolisikia likitajwa hivyo, kwa kuwa ndani yake wamo watu waliosomea namna ya kuketi na mtu aliyezidiwa na huzuni. Kutokana na ulichoandika sidhani kwamba mwanao amefika huko, na ninaeleza tu ili usije ukaona aibu siku ukihitaji.

Usimwombe kamwe apige fungu la nne. Usimwahidi zawadi, wala usimwambie kwamba babu angefurahi. Atalipiga siku yake, pengine jioni ileile bibi atakapomaliza kusimulia, pengine baada ya mavuno, pengine akiwa na ndevu. Nami ningependa siku hiyo uwe uani kama unavyokaa sasa, na mama yako akiwa amekaa nje pamoja nanyi. Akilimaliza na kuiweka ilimba chini, msiseme neno la kwanza ninyi wakubwa. Mwachieni yeye.

Wako,
Shangazi